Muulize Bi Mkubwa: Jembe Nalo Linaumwa

Shikamoo Bi Mkubwa. Kwenye ukoo wetu mimi ndiye jembe. Msiba ukitokea napigiwa simu kabla ya sheikh, ada za watoto wa ndugu ni zangu, na kwenye kikoba nashika ufunguo. Mwezi jana nililala na malaria, hakuna aliyekanyaga kwangu. Shemeji alipiga kuuliza ufunguo uko wapi. Hawa watu wana roho kweli?
*Jembe, Tanga*

Marahaba, mwanangu. Roho wanayo, habari ndiyo hawana. Nawajua watu wa sampuli yako: ukiulizwa "hujambo?" unajibu "sijambo" mwenzio hajafunga mdomo, kisha unauliza masufuria ya shughuli yako wapi. Sisi wengine husema "salama", tukavuta pumzi, tukaongeza "ila mguu huu…" Wewe umeshakata simu. Sasa shemeji apige ramli?

Usidhani kutaja maradhi kutakushushia hadhi. Mwana Kupona wa Pate, alipomtungia binti yake utendi wa wosia mwaka 1858, aliutaja ugonjwa wake kwenye ubeti wa pili tu. Kisha akaendelea kuagiza kwa beti nyingine mia hivi, na sijasikia aliyemwambia apumzike.

Halafu hilo sanduku lenu la kikoba. Si lina kufuli tatu, na funguo wameshika watu watatu? Basi hata hela za kikoba haziachiwi mtu mmoja, ukoo mzima umejitwisha peke yako kwa nini?

Ukiugua tena, mpigie shemeji umwambie: "Naumwa, niletee uji." Usimfundishe kuupika. Ukija na madonge, kunywa.

Bi Mkubwa, nimeachishwa kazi ya uhasibu, ila kila asubuhi navaa shati la kazini na kuaga. Sitaki mke wangu anione dhaifu.
*Baba wa Nyumba, Morogoro*

Anajua, baba. Mhasibu gani anarudi jioni akiwataja wacheza bao wote wa stendi kwa majina? Anakunyamazia kwa sababu naye anaogopa kukuvunja. Mwambie leo, kabla kodi ya nyumba haijamwambia.

Na ninyi wote mlioniandikia kuhusu "rafiki yangu mmoja ana tatizo": mwambieni huyo rafiki aandike mwenyewe. Jina lake silitaji.