Jioni Tuliyoitana kwa Majina

Kwetu Tanga chakula hakitangazwi kwa mdomo. Mke wangu akishaepua huandika "tayari" kwenye kundi la familia. Sisi tulio sebuleni tunajibu kwa kidole gumba, na hakuna anayenyanyuka. Shemeji yangu aliyeko Muscat hujua wali umeiva kabla yangu mimi niliyekwisha kunawa.

Tarehe 4 Oktoba 2021, jioni, WhatsApp ikazimika dunia nzima, Facebook na Instagram nazo zikaifuata. Baadaye kampuni ilieleza kwamba amri moja iliyotolewa wakati wa matengenezo ya kawaida ilikata mawasiliano ya mitambo yao yote, na mafundi waliotumwa wakachelewa kuingia kwa sababu ya ulinzi mkali. Sisi hatukuwa na habari. Tulidhani bando limekwisha. Nikanunua jingine, likawa lile lile. Binti yangu akapanda juu ya kiti, simu kainyoosha hadi darini, akitafuta mtandao.

Wali ukapoa. Mke wangu akatoka jikoni na mwiko mkononi, akatuita mmoja mmoja kwa majina kamili, yale ya cheti cha kuzaliwa. Kijana wangu akashtuka: "Kumbe mama yupo?"

Tukala tukitazamana, maana pengine pa kutazama hapakuwepo. Hapo ndipo nilipoona kijana ana ndevu. Nikamuuliza tangu lini. "Tangu Ramadhani, baba. Nilibadilisha picha, ukaweka moyo."

Mara, hodi! Tukaduwaa. Siku hizi mgeni hupiga simu akiwa mlangoni. Hodi ya mdomo ni ya mdai. Ilipigwa tena ndipo binti akakumbuka kuitikia "karibu". Alikuwa jirani, kaja kuuliza kama na kwetu imezimika. Akapewa kahawa, akaketi, akatusimulia jinsi mkewe alivyopelekwa hospitali usiku kwa bajaji na kujifungua salama. Mtoto ana miezi mitatu. Baina yetu pana ukuta mmoja tu, na hongera nilishampa: kikaragosi cha kopo la maziwa.

Usiku wa manane simu zote zikalia kwa mpigo. Hadithi ya bajaji ikakatikia njiani, na mpaka leo sijui nani alimlipa dereva. Wale mafundi, kwa maoni yangu, walikuwa na haraka mno. Jirani aliaga huku anasoma, akatoka na kandambili zangu. Nimemwandikia azirudishe. Tiki zimekuwa za buluu, jibu hakuna.