Mama Mkwe Ndani ya Piramidi

Aliyechora ramani ya piramidi ya Khufu hakuwa na mama mkwe. Na kama alikuwa naye, hakuwahi kumtembeza mule ndani. Mtu anayemheshimu mkwewe hawezi kuchonga njia nyembamba, yenye kimo cha mita moja na ushee, inayopanda mlima, halafu familia ipite humo mmoja nyuma ya mwingine, wote wameinama.

Mimi mtu wa Tanga, mke wangu Msukuma wa Mwanza, na tangu nilipooa, mimi na mama yake tunaishi kwa adabu ya umbali. Nikimwona njiani nasogea kando. Namwamkia shikamoo nikitazama viatu vyangu, naye ananiitikia marahaba akitazama ziwani. Nikiwa na kitu cha kumpa, kinapitia kwa mke wangu. Mpango huu umetufaa sana. Hatujawahi kukosana hata siku moja.

Kilichotupeleka Cairo ni mahafali ya shemeji yangu, aliyekuwa akisoma Al-Azhar, ambako vijana wa kwetu ni wengi. Mwenyewe alikuwa bado anahangaikia vyeti vyake chuoni, kwa hiyo akatulipia matembezi ya siku nzima: gari, dereva, mwongozaji, piramidi, makumbusho, chakula cha mchana, na jioni mashua juu ya Nile. "Mtafurahi," alisema, na yeye akabaki.

Kwenye gari tulikaa kwa hekima. Mama mbele na dereva, mke wangu katikati, mimi nyuma kabisa na katoni ya maji. Mwongozaji alikuwa kijana aliyesomea mambo ya kale ya Misri na anayeyapenda kwa dhati. Alieleza kwa Kiingereza, nami nikawa mkalimani: nilimtafsiria mke wangu, ambaye Kiingereza anakijua kunishinda, ili yeye amfikishie Mama aliyekaa umbali wa mkono mmoja kutoka kwake.

Piramidi hazipo mbali jangwani namna zinavyokaa kwenye kalenda. Mji wa Giza umezisogelea hadi mlangoni. Unaziona zikichungulia nyuma ya maghorofa ya matofali mekundu yenye madishi ya televisheni na nguo zilizoanikwa, na kwa dakika nzima unadhani ni tangazo la biashara. Mwongozaji akaanza kumwaga takwimu za ile ya Khufu: zaidi ya miaka 4,500, mawe yapata milioni 2.3, kimo cha mita 146 ilipokamilika na sasa kama 138, kwa sababu lile vazi lake la chokaa nyeupe lilibanduliwa na watu wa Cairo wakajengea misikiti na majumba. Mama alisikiliza yote. Kisha akauliza swali ambalo mfanyabiashara wa dagaa hawezi kuacha kuliuliza:

"Watu wote hao, nani alikuwa akiwalisha?"

Kijana alifurahi mpaka akasimama kati ya viti. Akaeleza kwamba kusini ya pale wachimbuzi wamefukua mji wa wafanyakazi, na majiko ya kuokea mikate, na mifupa ya ng'ombe, kondoo na mbuzi walioliwa humo. Na samaki.

"Samaki wa wapi?"

"Wa Nile."

Mama akageuka kwa mara ya kwanza tangu tuondoke hotelini, akanitazama mimi mkalimani kama shahidi. Kuanzia hapo nilihisi kwamba hakuja Misri kutalii. Alikuja kukagua.

Kuingia ndani ya piramidi ni tiketi nyingine, mbali na ile ya getini. Mke wangu alikitazama kile kitundu ubavuni mwa jiwe, akaitazama foleni, akasema yeye atabaki kuangalia mikoba. Nikamkodolea macho. Akaanza kupekua pochi yake kwa bidii, akitafuta kitu ambacho hakikuwemo.

"Nenda na Mama," akasema. "Asije akaanguka."

Mama alikuwa keshafika mlangoni. Akajifunga kanga vizuri kiunoni juu ya gauni, akapaza sauti: "Hodi!" Mlinzi akaitikia kwa kunyoosha kiganja. Nikatoa bakshishi.

Mlango wenyewe si ule wa wajenzi. Ni tundu ambalo husemwa lilitobolewa na watu wa khalifa al-Ma'mun katika karne ya 9, waliokuwa wakisaka hazina. Mwanzoni mtu anatembea wima, na mimi na Mama tulikuwa tumeachana hatua za kutosha, heshima iko palepale. Halafu njia inakunja, inaanza kupanda kwa nyuzi 26 hivi, na dari inateremka. Chini wametandika mbao zenye vipande vya chuma vya kukanyagia. Pembeni kuna vyuma vya kushikia, vimelowa jasho la mataifa yote. Hapo unainama utake usitake.

Sasa nani atangulie? Nikitangulia mimi, nimempa mkwe wangu kisogo, na kisogo ni neno la adabu nililolichagua kwa ajili ya msomaji. Akitangulia yeye, hapana, hilo hata kuliandika siliwezi. Nikavua miwani, nikajifanya naifuta, Mama akapita, nami nikangoja mtu wa kukaa katikati. Akatokea mzee mmoja wa Kijapani, mwembamba, na kofia yake ya jua. Nikamkaribisha kwa mikono miwili. Akainama kunishukuru, nami nikainama kumzidi, maana hakujua ananisitiri kiasi gani.

Tukapanda hivyo: Mama, Mjapani, mimi. Joto ni la kufua nguo ikakauka palepale, ila hewa yenyewe imeloa. Wanaoshuka nao wanapitia humohumo, kwa hiyo kila mara unajibandika ukutani, tumbo la mtu usiyemjua linakupitia usoni, na mnaombana radhi kwa lugha yoyote iliyo karibu. Mbele nilimsikia Mama akipiga bismillahi kila hatua.

Katikati ya njia mzee wa Kijapani akasimama. Akashika kifua, akatikisa kichwa, akageuka: pumzi zimemwishia, anarudi. Nilimwelewa, nikampisha. Lakini nadhani uso wangu ulimtia hofu, kwa sababu alinipigapiga bega akinisemesha kwa Kijapani, kwa sauti ya mtu anayemliwaza mfiwa.

Pazia langu likaondoka. Mbele yangu, umbali wa shubiri, ikabaki kanga. Na kanga, kama kila msomaji ajuavyo, haikosi jina, na jina hukaa chini pale kwenye pindo, na mvaaji akiinama jina huinuka. Sikukusudia kusoma. Ila taa ilikuwa juu yake na herufi zilikuwa kubwa: MACHO YAKO YATAKUPONZA.

Nikafumba macho. Mtu hapandi piramidi amefumba macho. Paji langu likakutana na jiwe la Farao kwa kishindo kilichosikika hadi nje, nina hakika, hadi kwenye mikoba.

"Pole, mwanangu," Mama akasema bila kugeuka. "Inama zaidi."

Ukiondoa marahaba, hayo ndiyo maneno ya kwanza aliyowahi kuniambia ana kwa ana. Ana kwa ana si neno lake hapa, lakini mnaelewa.

Njia ile inafunguka ghafla kwenye ukumbi mrefu wenye kimo cha mita zaidi ya nane, kila safu ya mawe ikisogea ndani kidogo kuliko ya chini yake hadi kuta zikaribiane juu. Ni kazi ya ajabu, na hapo hata mimi na nundu yangu nilinyamaza. Kisha unainama tena kidogo, unaingia chumba cha mfalme. Kuta za matale kutoka Aswan, safari ya mamia ya kilomita kwa mto, zimesuguliwa na kuunganishwa pasipo kuacha upenyo. Hakuna mchoro hata mmoja, hakuna maandishi. Kwenye kona kuna sanduku la jiwe, pembe moja imemeguka, kifuniko hakipo, ndani hamna kitu.

Mama alichungulia. Kwa kuwa mke wangu hakuwepo wa kupitishia maneno, akaniuliza mwenyewe.

"Mwenyewe yuko wapi?"

"Hayupo, Mama."

"Kahamia wapi?"

"Hawakumkuta."

Akalipima lile sanduku kwa mkono, kiwiko hadi ncha ya kidole, upana, akaniangalia. "Hili halikupita kule tulikopita sisi." Baadaye mwongozaji alithibitisha: sanduku ni pana kuliko ile njia, kwa hiyo bila shaka liliwekwa kabla chumba hakijaezekwa. Watu husoma vitabu kulijua hilo. Mama alilijua kwa dhiraa, kwa uzoefu wa kupakia magunia ya dagaa pale Kirumba, Mwanza. Halafu akatoa hukumu yake kuhusu ziara nzima: "Tumelipa, tumeinama, na mwenyeji hayupo."

Kushuka sitasimulia.

Wenye ngamia wa Giza na papasi wa Unguja wametoka tumbo moja. Ngamia tuliyeletewa alikuwa akiitwa Elvis dakika chache kabla, alipokuwa na Wamarekani. Tulipotaja Tanzania akabatizwa Hakuna Matata palepale. Mwenye ngamia akatutajia bei nafuu ya watu wawili, akanishika kifundo cha mkono anipandishe nyuma ya Mama. Alidhani mimi ni mtoto wake. Kiarabu changu cha madrasa, ambacho tangu asubuhi hakikuwa kimemfaa mtu yeyote, kilinitoka chote kwa mkupuo: la, la, la! Akapanda mke wangu.

Kabla hajakaa, Mama alitaka niulize jambo. "Hiyo bei ni ya kupanda tu, au na ya kushuka?"

Mwenye ngamia alipotafsiriwa alicheka mpaka akashika hatamu kwa mikono miwili. Ndiyo biashara yenyewe: kupanda ni rahisi, kushuka kuna nauli yake, na mteja aliye juu ya ngamia hana ubavu wa kubishana bei. Akataja bei ya vyote viwili, Mama akaikata nusu. Ngamia akainuka, akaanza na miguu ya nyuma kama ilivyo desturi yao, na mke wangu, aliyekuwa akituangalizia mikoba kwa raha zake, akapiga kelele iliyonipunguzia maumivu ya paji kwa kiasi kikubwa.

Sfinksi tulimpitia haraka. Kuna picha kila mtalii hupiga, anajipanga mbali kidogo aonekane anambusu. Mama akakataa: "Hana pua, nimbusu wapi?" Lawama za ile pua hutupiwa Napoleon, aliyefika Misri mwaka 1798, lakini msafiri Mdenmarki, Frederic Norden, alimchora Sfinksi bila pua mwaka 1737. Napoleon wa watu ana dhambi zake nyingine.

Baada ya hapo siku ikaingia madukani, maana matembezi ya aina hii mawe ni chambo, ndoana ni duka. Tukapelekwa mahali palipoitwa taasisi ya mafunjo. Dada mmoja mwenye mikono miepesi akachukua bua, akalimenya, akalichana vipande vyembamba, akavilowesha, akavipanga mlalo na wima, akavibana kwenye shinikizo. Ndivyo karatasi ya Mafarao ilivyotengenezwa. Kisha akatuonyesha picha ya Nefertiti na bei yake.

Mama alikuwa ameokota lile ganda la bua sakafuni. Akalinusa.

"Haya si mafunjo ya ziwani? Kwetu tunasukia mikeka."

Nikatafsiri. Mwongozaji, aliyekwisha kumpenda Mama kuliko wateja wake wote, akaongeza habari: mafunjo yalikuwa yamekwisha kutoweka Misri, hadi miaka ya 1960 mhandisi Hassan Ragab alipoagiza miche kutoka Sudan akaanza kuyapanda upya. Mama alisikitika kweli. Watu wanahangaika hivyo, na Mwanza yamejaa hadi yanaziba mitumbwi! Hakununua Nefertiti. Badala yake aliondoka na kadi ya meneja na ahadi ya kumletea sampuli ya mzigo.

Kwenye jumba jipya la makumbusho lililo karibu na piramidi, mlangoni anakupokea Ramses wa Pili, mita 11 za jiwe, lakini kilichonishika mimi ni mashua ya Khufu. Ilifukuliwa mwaka 1954 ikiwa vipande zaidi ya elfu moja, ikaungwa, na sasa inasimama na mita zake 43 za mwerezi wa Lebanoni, mbao zimefungwa kwa kamba. Mtu wa pwani aliyekulia kwenye habari za mtepe hapo anapata kigugumizi. Nilianza kumweleza mke wangu jinsi wazee wetu nao walivyoshona vyombo, nikasikia nyuma yangu Mama akimuuliza mwongozaji kwa ishara za mikono inabeba magunia mangapi.

Jioni tukateremka mtoni. Mwenye mashua, mzee wa kanzu ya buluu, akataja bei ya saa moja. Mama akainama, akatia mkono majini, akaniambia nimweleze kwamba maji haya yanatoka kwao.

Hapo alikuwa na historia upande wake. Mkataba wa mwaka 1929 uliogawa maji ya Nile waliandikiana Waingereza na Wamisri, na mwaka 1962 serikali ya Tanganyika huru ilisema haitafungwa nao. Nilitafsiri kwa heshima zote. Mwongozaji akasita, kisha akasema kwa upole kwamba kwa hesabu za wataalamu, kiasi cha asilimia 85 ya maji yanayofika Misri yanatoka nyanda za juu za Ethiopia.

Mama akatafakari. "Sawa. Basi atupunguzie hizo 15 zetu."

Ikatafsiriwa, Kiswahili kwenda Kiingereza, Kiingereza kwenda Kiarabu. Mzee akasikiliza huku akikunjua tanga, akajibu kwa utulivu. Amekubali, atapunguza asilimia 15. Ila na sisi tushuke zikiwa zimebaki asilimia 15 kufika.

Mama akafungua fundo la kanga, akalipa bei yote.