Namna ya Kumuenzi Mzazi Maarufu kwa Albamu Moja

Mzazi wako alivuma, wewe una sauti, na studio umeshailipia. Kilichobaki ni kufuata hatua hizi.

1. Chagua mzazi. Anayefaa zaidi ni yule aliyekukataza muziki. Ali Farka Touré, gwiji wa gitaa wa Mali, hakutaka mwanawe Vieux arithi kazi yake. Alimtaka awe mwanajeshi. Kijana akajifunza gitaa kwa siri. Mwaka 2022 alitoa albamu iitwayo Ali, akiwa na bendi ya Khruangbin ya Texas. Mzee alifariki 2006, kwa hiyo hakuna tena wa kumpeleka kambini.

2. Usingoje. Toa albamu arobaini haijasomwa, machozi yangali yanauza. Usimwige Natalie Cole. Baba yake, Nat King Cole, alifariki 1965. Binti akatamba kwa nyimbo zake mwenyewe kuanzia 1975, akatwaa Grammy, na kwa miaka mingi akazikwepa za baba. Unforgettable… with Love ilitoka 1991, watu wakiwa wameshamjua kwa jina lake. Matokeo ya kuzubaa huko? Grammy ya Albamu ya Mwaka. Masikini!

3. Imba na marehemu. Hachelewi studio, hagombei nani aanze ubeti, haombi nauli ya kurudi. Kwa albamu hiyo ya Natalie, mafundi waliichukua sauti ya Nat kwenye rekodi ya zamani, wakaisuka na ya Natalie hadi baba na binti wakaitikiana. Kasoro ni moja: marehemu harudii wala hapunguzi mwendo. Mkipishana, aliyekosea ni wewe.

4. Andaa jalada na mahojiano. Picha iwe ya zamani, isiyo na rangi, wewe umepakatwa. Redioni sema, “Baba angefurahi sana.” Hakuna atakayekwenda kumuuliza.

5. Kila ukipanda jukwaani, tangaza: “Huu ni wimbo wa baba!” Hapa nenda taratibu. Kibao kilichoipa albamu ya Natalie jina, Nat alikiimba tu. Aliyekitunga ni Irving Gordon. Nat alikirekodi 1951. Kwenye Grammy za 1992, tuzo ya Wimbo wa Mwaka, ambayo ni ya watunzi, ilikwenda kwa Gordon, akiwa na miaka 77. Basi kabla hujajigawia urithi, soma jina la mtunzi kwenye santuri. Huenda naye ana watoto, na watoto wana mwanasheria.