Jinsi ya Kuwa Profesa wa Nchi Usizozijua

Kila kijiwe kina profesa wake wa siasa za dunia. Kama chako hakina, nafasi iko wazi, na digrii haiulizwi. Unahitaji nchi tatu nne za kukariri, uso mkavu, na mazoea ya kuanza sentensi kwa "Wengi hawalijui hili."

1. Achana na mataifa makubwa. Ukitaja Marekani, kuna mtu ana shemeji Texas, atakurekebisha. Ukigusa China, nusu ya wafanyabiashara wa Kariakoo wameshalala Guangzhou na wanajua hata bei za hoteli. Wewe nenda mahali ambapo hakuna aliyewahi kuuliza nauli yake. Nchi ikiwa ndogo, mamlaka yako yanakua. Na usiogope kuulizwa iko wapi. Anayeuliza amekiri kwamba hajui, na watu wazima hawakiri jambo la aina hiyo mbele ya wenzao. Watatikisa vichwa. Mmoja atasema, "Ee, Nauru ile."

2. Basi anza na Nauru ile. Ni kisiwa cha Pasifiki chenye kilomita za mraba 21. Barabara inayokizunguka haifiki kilomita 20. Sema hivyo, kisha nyamaza, waache wapime kimoyomoyo na tarafa zao. Halafu endelea. Katikati ya kisiwa kulikuwa na fosfeti safi, mali ghafi ya mbolea. Mwaka 1888 Wajerumani wakakitwaa, mwaka 1914 wakaingia Waaustralia, na ardhi ya Wanauru ikapakiwa melini kwenda kurutubisha mashamba ya Australia na New Zealand. Wajapani nao walipokivamia wakati wa Vita vya Pili vya Dunia, waliwahamisha wenyeji kama 1,200 hadi visiwa vya Truk. Hapa shusha sauti. Waliorudi nyumbani, tarehe 31 Januari 1946, walikuwa 737. Uhuru ulipopatikana mwaka 1968, waliuweka siku hiyo hiyo ya 31 Januari.

Pumzika kidogo. Mtu mmoja atasema "Dah." Huyo umeshampata.

Sasa wape utajiri, maana hakuna kijiwe kisichopenda habari za tajiri aliyefilisika. Miaka ya 1970 Nauru ilikuwa miongoni mwa nchi zenye kipato kikubwa kabisa duniani kwa kila kichwa. Ilikuwa na shirika lake la ndege. Mwaka 1977 ilimaliza kujenga jengo la ghorofa 52 mjini Melbourne. Mwaka 1993 fedha zake zilitumika kugharimia mchezo wa jukwaani wa nyimbo kuhusu Leonardo da Vinci, London, ukadoda. (Kipande hiki usikiruke hata kama muda umebana. Nimeona watu waliokuwa wanaondoka wakikaa tena.) Jengo likauzwa mwaka 2004 kwa ajili ya madeni, na mwaka uliofuata wadai wakaikamata ndege ya mwisho. Kule katikati palipochimbwa yamebaki mawe yaliyochongoka kama meno, hapalimiki wala hapajengeki.

3. Beba swali moja tu. Maprofesa wa kweli husoma miaka na miaka, wewe uliza, "Nchi hii inauza nini?" Kwa bahati mbaya ya maprofesa, swali hili linafanya kazi. Nchi isiyo na viwanda wala jeshi la kutisha huuza ilichonacho. Tuvalu ilipewa herufi mbili za intaneti, .tv, ambazo kila kampuni ya video inazitamani. Inazikodisha, na fedha hizo ziliisaidia kujiunga na Umoja wa Mataifa mwaka 2000. Visiwa vya Marshall vinauza bendera: meli ambazo hazijawahi kutia nanga huko zinaipeperusha baharini. Djibouti inakodisha ardhi, na Wafaransa, Wamarekani, Wajapani na Wachina wote wana kambi za kijeshi humo, wanachunguliana.

Na Nauru, fosfeti ilipopungua? Iliuza nafasi: mwaka 2001 Australia ilianza kupeleka huko watu waliokuja kwa mashua kuomba hifadhi. Kisha angalia marafiki zake. Mwaka 2002 iliiacha Taiwan ikaenda Beijing. Mwaka 2005 ikarudi Taiwan. Januari 2024 ikahamia Beijing tena. Katikati ya safari hizo, mwaka 2009, ilizitambua Abkhazia na Ossetia Kusini, zilizojitenga na Georgia kwa msaada wa Urusi. Usiseme imehongwa, hilo hata mlevi angelisema. Kunja nne, sema, "Sera yake ya nje ina uchumi ndani yake."

4. Kila sifa iwekee "lakini". Mtu akiisifu Bhutan kwa kupima furaha ya wananchi badala ya pato la taifa, mwache amalize, tena mpongeze. Kisha: "Lakini mwanzoni mwa miaka ya 1990 watu wapatao laki moja wenye asili ya Nepali walijikuta nje ya nchi hiyo, wakaishia kwenye kambi za wakimbizi. Furaha yao ilipimwa na nani?" Usijibu. Swali zuri halijibiwi na aliyeliuliza.

5. Weka akiba mapinduzi mamoja. Ya Suriname yanatosha. Februari 1980 masajenti waliipindua serikali. Kiongozi wao, Dési Bouterse, akatawala kwa bunduki, akaondoka, kisha mwaka 2010 akarudi Ikulu kwa kura. Mwaka 2019, akiwa bado rais, mahakama ya nchi yake ilimtia hatiani kwa mauaji ya wapinzani 15 ya Desemba 1982. Alifariki mwaka 2024 akiwa mafichoni. Simulizi hii hudumu dakika kumi bila kuongeza chumvi, na ukibanwa kuhusu Suriname yenyewe, sema ilikuwa koloni la Uholanzi, halafu angalia saa.

6. Usiguse visiwa vya jirani. Hapa ndipo wanafunzi wangu wengi wanapoanguka. Komoro ni nchi ndogo, ina mapinduzi ya kutosha tangu uhuru wa 1975, ilikuwa na mamluki Mfaransa, Bob Denard, aliyekuwa akiingia na kutoka kama mwenye nyumba, inavutia mno. Iache. Ukikitaja kisiwa chake kimoja kwa jina la "Anjouan" tu, kuna mama Mngazija nyuma yako atauliza kwa nini husemi Nzwani, na mjomba wake alimfahamu Rais Ali Soilih. Shelisheli nayo iache, hata kama unatamani kusimulia mamluki wa Mike Hoare waliotua huko Novemba 1981 wakijifanya chama cha wanywaji bia, bunduki zikiwa zimefichwa kwenye mabegi, mpaka ofisa wa forodha alipoiona moja na wakakimbia kwa kuteka ndege ya Air India. Wanajeshi wa Tanzania walikuwa visiwani humo wakati ule, na mwaka 2008 walitua Nzwani pia. Huwezi kujua mzee yule kimya wa pembeni, anayetafuna kashata bila kusema neno, alistaafu kutoka wapi.

7. Jiandae kwa mwenye simu. Yupo kila mahali, na lengo lake ni kukuaibisha. Usimkimbie, mtegee. Mpe Kazakhstan kwanza: mji mkuu wake ulikuwa Akmola, mwaka 1998 ukaitwa Astana, mwaka 2019 Nur-Sultan, mwaka 2022 Astana tena, na mji ni ule ule. Akishachoka, muulize kwa upole mji mkuu wa Nauru. Ataandika, simu itamjibu Yaren, naye atasoma kwa sauti kubwa ili wote wasikie. Mwache afurahie. Ndipo useme kwamba Nauru haina mji mkuu rasmi. Yaren ni wilaya tu yenye bunge. Atashuka kwenye maandishi ya chini, atakuta ni kweli, na kuanzia siku hiyo yeye ndiye atakayekutetea ukiwa hupo.