Kwa Bodi ya Ajira: Mmesahau Kitengo cha Jabilo

Mwenyekiti na wanachama,
Bodi ya Utumishi wa Umma,
Kaunti ya Kisumu.

YAH: NAFASI ZA KAZI KWA AJUOGA, JABILO NA WENZAO

Waheshimiwa,

Matangazo yenu nayasoma mwaka hadi mwaka: wahandisi, wauguzi, madereva, makarani. Sijaona nafasi ya jabilo wala ajuoga, waganga wetu wa Kijaluo, hata moja, ilhali mnajua kama nijuavyo kwamba kutoka Usenge hadi Mbita hakuna fani yenye waajiri wengi na wenye haya kama hii.

Tuanze na mpira. Mwaka 1968 klabu yetu ilipoundwa, haikupewa jina la mlima wala la waziri. Ilipewa jina la mganga, Gor wuod Ogada wa Kanyamwa, aliyeitwa Mahia kwa ajili ya miujiza yake: ndiyo Gor Mahia. Mwaka 1987 ikatwaa Kombe la Washindi barani Afrika mbele ya Espérance ya Tunisia: 2-2 kwao, 1-1 Nairobi, kombe likaja kwa mabao ya ugenini. Timu inabeba kombe la bara bila kushinda hata mechi moja ya fainali! Mnataka barua gani nyingine ya mapendekezo?

Lakini waajiri wakubwa ni wagombea. Uchaguzi ukikaribia, magari yenye vioo vyeusi huingia vijijini saa nane za usiku, taa zimezimwa. Mheshimiwa anavua viatu, anakalia ngozi, anaruka moshi anapoambiwa aruke. Analipa taslimu, bila risiti, bila NSSF. Akishindwa, lawama ni za mfanyakazi. Akishinda, Jumapili yuko kanisani kiti cha mbele, anamshukuru Mungu peke yake.

Na polisi wakija, hawaji kwa mheshimiwa. Sheria ya Uchawi, Sura ya 67, ni ya mwaka 1925. Mwingereza aliyeileta alishaondoka, yenyewe imekataa kuondoka. Inamfunga anayejifanya ana nguvu za kiajabu ili kuwatia watu hofu. Anayejifanya, waheshimiwa. Mwenye nazo za kweli, kwa usomaji wangu wa kibaraza, anaweza kuripoti kazini kesho. Huku Idara ya Utamaduni inawasajili waganga wa kienyeji, na Sheria ya Afya ya 2017 iliahidi chombo cha kuwasimamia. Mzee mmoja, cheti ukutani, pingu mlangoni.

Msiniambie serikali haiwezi kukaa meza moja na watu hawa. Pandeni matatu, mpite Maseno, mtafika Bunyore kwa ukoo wa Nganyi, waita mvua. Idara ya Hali ya Hewa ilikwenda kuketi nao. Wataalamu walileta satelaiti, wazee wakaleta siafu, vyura na miti ya msitu wao, wakakubaliana juu ya utabiri mmoja, ukatangazwa kwa lugha ambayo mkulima anaielewa. Hao ni majirani zetu wa Vihiga. Sisi tuliopewa hadhi ya jiji mwaka 2001 tumebaki kutazama mawingu.

Kazi zipo. Jajuok hukimbia uchi usiku kucha akirusha mawe juu ya mabati ya watu, bila marupurupu. Mpeni koti na tochi, alinde soko la Kibuye. Hatalala lindoni, ahadi ambayo bawabu yeyote ninayemjua hathubutu kuitoa. Na magugu maji je? Yakiziba Dunga tunaitisha mitambo na semina. Upepo ukigeuka, kisiwa kizima cha magugu kinaelea kwenda kusumbua wengine, na kesho yake kuna mtu anaandika ripoti ya mafanikio. Kama mfanyakazi ni upepo, si heri tumwajiri anayeongea nao?

Ila mtalegeza masharti kidogo. Ajuoga wa miaka sabini atatoa wapi barua ya HELB, ikiwa aliyemsomesha ni marehemu nyanya yake, ndotoni? Mnataka wadhamini watatu. Wawili wake hawapatikani kwa simu, wanapatikana kwa kuku mweupe. Cheti cha tabia njema tukinyamazie kwanza.

Najua mtasema bajeti haina fungu la watu wa mambo yasiyoonekana. Nchi hii imelipa wafanyakazi hewa miaka mingi, na mishahara yao haikuchelewa. Hawa wangu angalau wanafika kazini.

Tangazo likiwa tayari, msiliweke kwenye tovuti. Libandikeni kwenye nguzo za stima, kando ya yale ya kurudisha mpenzi aliyepotea na kushinda kesi. Waombaji wenu husoma hapo. Usaili uwe mchana, isipokuwa wa jajuok. Na msihangaike kuwapigia simu waliofaulu. Kama kweli wamefaulu, watakuwa wameshajua.

Wenu mtiifu,
Mkazi wa Kondele