Skwadi ya Kuokoteza

Mpwa wangu alipopangiwa kidato cha tano mkoani, mimi na dada yangu tulimsindikiza hadi stendi ya Magufuli, kule Mbezi, na wote wawili tulitokwa na machozi. Dada alimlilia mwanawe. Mimi nilimlilia mpiganaji. Shule aliyopangiwa simu haivuki geti, na kwa miaka miwili yule mtoto ndiye aliyekuwa akinibeba kwenye PUBG Mobile kama gunia la mkaa.

Kwa ambaye hajalishika gemu hili: watu 100 hupakiwa kwenye ndege moja, wakaruka kwa parachuti juu ya kisiwa, mikono mitupu. Ukishatua unaingia nyumba za watu bila hodi, unaokota bunduki, kofia ya chuma, bandeji, hata kikaango. Kikaango hicho kikining'inia kiunoni kinazuia risasi za makalioni, na ndicho kifaa pekee cha vita nilichokuwa nimekizoea tangu nyumbani. Baadaye ukuta wa bluu unaanza kukibana kisiwa. Anayebaki nje unamla polepole, na walio ndani wanapunguzana mpaka ibaki timu moja. Ramani ya kwanza, Erangel, ina kilomita 8 kwa 8. Mshindi huandikiwa kwa herufi kubwa kwamba amejipatia mlo wa kuku. Kuku mwenyewe namngoja tangu 2022, hajafika.

Unaweza kucheza peke yako, lakini utamu wake ni skwadi ya watu wanne. Ya kwetu ilikuwa ya mpwa wangu, vijana wawili wa mtaa wa pili, na mimi. Kazi yangu ilikuwa kubeba bandeji na kutii. "Mjomba, lala chini." "Mjomba, usiguse mlango." "Mjomba, huyo ni mwenzetu!" Akaunti alinifungulia yeye, na jina akanipa yeye: MjombaMzigo. Nilidhani ni utani wa kupendana mpaka nilipojifunza kusoma takwimu zangu.

Kuna siku nilijiona nimekomaa. Mechi moja niliangusha watu saba, nikasimama juu ya kochi. Mpwa hata hakuinua macho. "Mjomba, wale si watu. Gemu linawawekea wageni roboti ili wasikate tamaa." Nilikuwa na miezi minne kwenye gemu.

Kisingizio changu kikubwa kilikuwa mtandao. Nikikosea, simu imestaki. Nikifa, simu ilistaki. Nikiua mtu kwa bahati, hapo simu ilikuwa nzima. Halafu Mei 2024 nyaya mbili za baharini, EASSy na Seacom, zikakatika siku moja karibu na pwani ya Afrika Kusini, na intaneti ya Afrika Mashariki ikawa ya kuchungulia. Mtu wangu ndani ya gemu akawa kama fisi aliyepanda kilima, hatua mbele hatua nyuma. Nikawaambia vijana jamani, leo ni kweli, waya umekatika baharini, imetangazwa. Hakuna aliyeniamini. Waya huo nilikuwa nimeukata mwenyewe kwa mdomo tangu Januari.

Basi Julai mpwa akaenda shule, wale wawili wakatafuta mjomba mwingine, nami nikabaki na simu mkononi na jina baya. Ndipo nikabonyeza kitufe nilichokuwa nimekatazwa kukibonyeza: kile kinachokutafutia wenzako watatu usiowajua. Ni sawa na kupanda daladala ya Mbagala saa kumi na mbili jioni. Hujachagua utakayegusana naye magoti, na konda hana habari na maoni yako.

Mechi ya kwanza niliamua kuwa mnyenyekevu. Gemu lina kitufe cha kumfuata mwenzako wakati wa kuruka: yeye anaongoza, wewe unashuka nyuma yake kama kifaranga. Nikamfuata namba moja. Namba tatu naye akamfuata. Namba nne pia. Ndege ikapita juu ya mji wa Pochinki, hatukuruka. Ikapita juu ya shule, hatukuruka. Nikajisemea huyu jamaa ni fundi, anajua pahala pake. Ndege ikafika mwisho wa ardhi, na hapo ndipo gemu lenyewe hukusukuma nje, upende usipende. Tulitumbukia baharini wote wanne kwa mpangilio mzuri sana. Kumbe namba moja alikuwa ameweka simu chini, labda anakula, labda anakoga. Tulimzunguka kidogo, kisha tukaogelea dakika nzima hadi ufukweni, naye akaelea pale pale, ametulia, mtu asiye na deni.

Sijawahi kumlaumu. Nimewahi kuwa yeye.

Mechi ya pili, au ya tatu, nilipata vijana wachangamfu. Seva nilikuwa nimechagua ya Mashariki ya Kati, kwa sababu ndivyo mpwa alivyoiacha na mimi kitu kinachofanya kazi sikigusi. Vijana wakawa wanaongea Kiarabu kwa kasi, na mimi nikawa naitikia "aiwa" kila palipo na pengo. Nilichokuwa sijui ni kwamba maiki yangu imefunguka na haijafungwa tangu tulipokuwa kwenye ndege.

Sasa mimi naishi Tabata, chumba kinatazama barabara. Tukiwa tumejificha kwenye kibanda, wanne, kimya, maadui wakisikika wanakanyaga mabati juu ya kichwa chetu, akapita yule bwana wa baiskeli mwenye kipaza sauti. Kila mkazi wa Dar anamjua. Hana haja ya kusema, amejirekodi: dawa ya panya, dawa ya mende, dawa ya kunguni, dawa ya viroboto, panya anakufa hapo hapo. Halafu inaanza upya. Na kwa sababu mteja alimsimamisha chini ya dirisha langu, tuliisikiliza mara tisa. Mmoja wa wale vijana akauliza kwa Kiingereza kama ni dua. Nikashindwa kumjibu, maana kusema kweli ina mahadhi. Waliokuwa juu ya paa hawakuweza kutusikia, ila wenzangu hawakuweza kusikia kitu kingine chochote, na tulikufa wote kwa bomu moja. Kijana yule aliniomba urafiki kwenye gemu siku hiyo hiyo. Yuko Jordan. Mpaka leo salamu yake kwangu ni hiyo: "Dawa ya panya!" Nami humwitikia, "Anakufa hapo hapo."

Nipite haraka kwenye mengine. Kuna ujumbe wa "ile hela tuma kwenye namba hii" ulioshuka juu ya kioo wakati nalenga shabaha, nikagusa ujumbe badala ya kufyatua, nikafa nikiwa nimemfungulia tapeli. Kuna dada yangu aliyepiga simu kusema gesi imeisha wakati tumebaki timu tatu; nikapokea, kwa sababu dada yangu usipompokea anakuja. Kuna umeme uliokatika simu ikiwa na asilimia nne. Hayo ni ya kila mtu. La kwangu hasa ni la yule mama.

Ilikuwa baada ya Isha. Timu ilikuwa mimi, rafiki yangu wa Jordan, kijana mwingine wa kwao, na wa nne ambaye maiki yake haikuwahi kutoa hata pumzi. Tulikuwa pembeni ya Pochinki, sisi watatu ndani ya nyumba ya ghorofa, yeye wa nne kabaki nyuma anaokota risasi. Mara namwona anavuka shamba, wima, bila haraka. Risasi mbili, akaenda chini. Ukiangushwa kwenye gemu hili hufi papo hapo. Unatambaa kwa magoti huku damu ikipungua, mpaka mwenzako aje akuinamie kama sekunde 10 akunyanyue.

Kwa muda wote ule wa kucheza seva ile nilikuwa nimezoea kwamba humo hakuna anayejua Kiswahili. Nilikuwa nasema ovyo, kama mtu anayeimba bafuni. Nikasema, "Haya mwone na huyu. Anavuka shamba mchana kweupe kama anakwenda harusini. Mzigo mtupu."

Pakawa kimya. Kisha ikaja sauti ya mwanamke mtu mzima, tulivu, Kiswahili cha Unguja kilichonyooka:

"Mzigo si ndo jina lako weye?"

Msomaji, mimi nimelelewa. Nilikaa wima kitandani. "Shikamoo mama."

"Marahaba. Hebu n'nyanyue kwanza, salamu baadae."

Nikatambaa hadi ukutani huku naye, kwa magoti yake, damu inapungua, ananihoji kana kwamba tumekutana dukani. Watoka wapi? Dar. Dar ipi? Tabata. Yeye yuko Maskati, babake alizaliwa Ng'ambo ya Unguja, na simu ni ya mjukuu wake, amelala. Haikunishangaza sana baada ya kufikiri. Wengi waliondoka Zanzibar baada ya Mapinduzi ya 1964, na milango ya Oman ilifunguka zaidi Sultani Qaboos alipotawala mwaka 1970, kwa hiyo Maskati kuna nyumba ambazo watu wanagombana kwa Kiarabu na kupatana kwa Kiswahili. Nilichokuwa sijakitegemea ni kuwakuta shambani Pochinki.

"Mama, naja. Ila hapa katikati peupe, lazima nitupe moshi kwanza wasituone."

"Haya mwanangu."

"Tulia hapo hapo. Usisogee hata kidogo."

"N'metulia."

Na kweli alitulia. Hilo ndilo linaloniuma. Angekuwa mbishi kama dada yangu angekuwa hai.

Kwenye orodha ya mabomu, la moshi na la kulipua yamekaa jirani. Miwani yangu ya kusomea nilikuwa nimeiacha juu ya friji. Kidole kilikuwa na jasho, na moyoni nilikuwa bado naona haya ya lile neno mzigo, natamani mama aone kwamba na mimi ni mtu wa maana. Nikalenga vizuri. Sijawahi kulenga vizuri namna ile, tangu nianze. Kitu kikapaa, kikatua, kikabingirika taratibu kikasimama karibu na mkono wake.

"Mwanangu," akasema, "moshi wako mbona kama topetope?"

Sikuwahi kumjibu. Gemu lilijibu. Juu ya kioo ikaandikwa kwa maandishi ambayo timu nzima inayaona kwamba MjombaMzigo amemmaliza mwenzake, na kimya kikatanda nyumba nzima, hadi rafiki yangu wa Jordan, ambaye hakuwa ameelewa hata neno moja ila alikuwa ameona kila kitu kupitia dirishani, akavunja ukimya kwa sauti ya majonzi: "Dawa ya panya."

Ukimuua mwenzako, gemu humpa marehemu nafasi ya kushtaki. Kila mchezaji ana alama za nidhamu, ukiwa safi unakuwa na 100, na zikishuka sana hupangiwi tena timu. Nilijaribu kumwandikia mama radhi kabla hajaondoka, nikaanza na "Samahani sana mama, naomba", simu ikastaki. Safari hii kweli. Alipotoweka kwenye orodha nikamtumia ombi la urafiki. Halijajibiwa, na asubuhi yake alama zangu zilikuwa zimepungua.

Mpwa aliporudi likizo nilimsimulia yote. Alisikiliza hadi mwisho, akachukua simu yangu, akaikagua, akanirudishia. "Mjomba," akasema, "hata hivyo huyo mama umemuua. Si roboti. Ni mtu wa kwanza wa kweli wa kwako."

Basi msomaji uliye Maskati, kama nyumbani kwenu kuna mama mwenye Kiswahili cha Unguja anayejifungia chumbani na simu ya mjukuu baada ya Isha na kusema anazungumza na jamaa wa Ng'ambo, nifikishie shikamoo yangu. Mwambie bado namtafuta. Mwambie miwani sasa naivaa, na la moshi nimelijua: ni lile jembamba, refu, kama kopo la dawa ya mbu.