Tahadhari kwa Mwoka Biscotti Mwenye Huruma

Uambiwe mapema usije ukasema hukuonywa: biskuti hizi huonekana zimeharibika tangu unga unapoguswa hadi zinapopoa. Aliyezizoea huziacha. Wewe mwenye huruma utataka kuziokoa, na hapo ndipo zitakapoharibika kweli.

Jina lenyewe lina onyo. Biscotti maana yake ni zilizopikwa mara mbili, na hata neno letu biskuti limetoka shina hilohilo. Siku hizi Waitaliano huita biscotti karibu kila biskuti. Hizi za lozi zilizokatwa mshazari, watu wa Toscana huziita cantucci. Mji wake ni Prato, ambako Antonio Mattei alifungua duka lake mwaka 1858. Huko huzichovya kwenye Vin Santo, mvinyo mtamu, nayo ni hekima ya watu wanaopenda meno yao. Zile za asili hazina chokoleti; hizi zetu zina kakao. Ukimkaribisha mtu wa Prato, usilitaje neno cantucci kabla hajashiba.

Pima unga wa ngano gramu 250, kakao 40, sukari 170, lozi 150 zenye maganda yake ya ndani, mayai matatu, kijiko cha chai cha baking poda na chumvi kidogo. Utatafuta siagi, uisome orodha tena, usiione. Haimo. Ukiitia kwa kuzionea huruma, utapata keki nyembamba, na keki ulikuwa unaijua tayari.

Kinyunya kitakuganda vidoleni. Mkono utauendea unga wenyewe. Uzuie, uulowanishe maji. Finyanga magogo mawili, uyaweke mbalimbali kwa sababu yatatanuka, uoke kwa nyuzi 180 dakika 25 au 30.

Mtego mkubwa uko hapa. Utaambiwa utoe yakigeuka rangi ya dhahabu. Dhahabu gani? Gogo la kakao huingia jeusi, hutoka jeusi, na likiungua huungua jeusi. Macho hayana kazi. Bonyeza kwa kidole: juu pawe pagumu, na nyufa zimetokea. Ukingoja pua ikuambie, jirani atakuwa amekutangulia kujua.

Yakitoka, yaache robo saa. Ndiyo robo saa ndefu kuliko zote jikoni. Ukikata ya moto utapata makombo, na kwa kuwa makombo ni matamu, watoto watakuhimiza ukate upesi. Chukua kisu cha mkate chenye meno, ukereze polepole kama kwa msumeno. Kisu butu hakikati lozi. Huisukuma, nayo hung'oka na nusu ya kipande. Unene uwe sentimita moja na nusu.

Rudisha vipande kwa nyuzi 150, dakika kumi kila upande. Sasa kazi ni kukausha tu. Aliyezoea kupalia makaa juu ya mfuniko ajue kwamba hapa mfuniko ni adui, maana hufungia mvuke ndani.

Utoe, ubonyeze kimoja: katikati bado kinabonyea. Moyo utakuambia hazijaiva, urudishe kidogo. Usiusikilize. Hukakamaa zikipoa, na aliyezirudisha atakuwa na vigae vya kumtosha kuezekea banda.

Ukitaka kuzipaka chokoleti iliyoyeyushwa, kausha bakuli na kijiko kabisa. Tone la maji linatosha kuifanya ijikunje madonge, na ukiichapa zaidi haitatengemaa.

Mgeni wa kwanza atauma bila kuchovya, kisha atanyamaza huku ulimi ukikagua jino. Msogezee chai, usijitetee. Zilizobaki zitie kwenye kopo lenye mfuniko wa kubana, hasa ukikaa Mombasa au Unguja, ambako hewa ina maji yake. Ukisahau kulifunga, kesho zitakuwa zimelegea kama mkate wa juzi, na mgeni yuleyule atarudi, aonje, akupongeze kwamba safari hii umejua kupika.